Ungempa Wako?

Kabla mtu mwingine yeyote hajameza, Nyakwesi Mafuru alimeza. Ndiyo ilikuwa sheria, na watu waliokaa kwenye viti vya kusubiri pale Nyumba ya Dawa, Musoma, walimkazia macho kooni mpaka walipoona kidonge kimeshuka. Wengine walimtaka afungue mdomo na kuinua ulimi. Akafungua, akainua. Hakuna aliyeona ni utovu wa adabu. Mwenye pombe yake huonja kwanza mbele ya wageni, na mwenye dawa yake kwa nini asionje?

Sheria hiyo ilizaliwa baada ya mwaka wa vidonge vyeupe, ambao watu wazima wa mji ule hawakupenda kuutaja mezani. Dawa ilipita kwenye kompyuta zote, ikapita kwa mabingwa wote, kisha ikaharibu figo za watu wasio na kosa. Tangu hapo ikaamuliwa kwamba anayetengeneza dawa aimeze yeye mwenyewe, kila siku, kwa muda wote wa majaribio, akiwatangulia wengine kwa miezi kadhaa. Mwisho wake anasimama mbele ya Baraza la Kiapo na kuulizwa maswali. Mengine hubadilika, lakini la mwisho halibadiliki: ungempa wako?

Nyakwesi alikuwa mtaalamu wa famakolojia. Kazi yake ilikuwa kujua dawa inaufanyia nini mwili, na mwili unaifanyia nini dawa, na alikuwa ameonja nyingi. Moja ilimtapisha. Moja ilimtoa vipele hadi kwenye kope. Moja ilimfanya aote ndoto za vita kila alipofumba macho. Hii ya sasa haikumfanya kitu chochote, na kila mtu aliipenda kwa sababu hiyo.

Aliitoa kwenye mate ya ruba. Ruba akikuganda mguuni kwenye tope la mto husikii kitu. Utajua baadaye ukiona damu. Nyakwesi alichukua kile kitu kilichomo kwenye mate hayo, akakinyoosha hapa, akakikata pale, akakijaribu tena na tena, na umbo la arobaini na moja ndilo lililofanya kazi. Lilifunga mlango mmoja mdogo kwenye mishipa ya fahamu, ule unaopitisha maumivu, likaiacha mingine wazi. Jina zuri lilikuwa halijapatikana, kwa hiyo watu wakaendelea kuiita Arobaini na Moja.

Mama Masatu, mwanamke mnene wa makamo mwenye magoti mabovu, ndiye aliyefuata. Alimeza kidonge chake, akanywa maji, akaketi mbele ya Karani. Karani ilikuwa mashine ya kuhoji, kisanduku chenye sauti ya binti aliyelelewa vizuri.

"Habari za leo, mama?"

"Salama," Mama Masatu alisema.

Karani ikasubiri. Mama Masatu naye akasubiri. Taa ya kijani ikawaka, zamu yake ikawa imekwisha.

"Umeona?" Profesa Maregesi, mkuu wa Nyumba ya Dawa, alimnong'oneza Nyakwesi. Alikuwa mzee mwembamba ambaye kwa kawaida furaha yake ilionekana kwenye vidole, na vidole vilikuwa vinacheza. "Mwezi wa kwanza huyu mama alikuwa anaongea mpaka kisanduku kinapata moto. Malalamiko yake sasa ni sifuri. Na si yeye tu, ni karibu wote."

Karani ilikuwa fahari ya Nyumba ya Dawa. Mashine za kuhoji zilizokuja kwanza kutoka nje zilisikia neno "salama" zikaridhika, zikaandika kwamba wagonjwa wote wa Tanzania ni wazima. Vijana wa hapa walicheka sana. Wao walijua kwamba mtu wa kwetu hata akiwa amevunjika mguu ataanza kwa kusema salama, ndipo aseme "ila". Wakaifundisha Karani ipuuze salama na ihesabu kila kinachokuja baada ya ila. Ila nyingi, maumivu mengi. Ila zikiisha, mgonjwa amepona.

Nyakwesi alitazama taa ya kijani. Alijua alipaswa kufurahi, akatikisa kichwa kwa namna ya mtu aliyefurahi, kisha akaingia chumba cha ndani kuangalia miili ya kioo.

Miili hiyo ilipangwa kwenye rafu, kila mmoja na ukubwa wa kitabu cha nyimbo za kanisani. Ndani ya kila kioo kulikuwa na punje ya ini, punje ya figo, kipande cha moyo kinachodunda na uzi wa mshipa wa fahamu, vyote vimeoteshwa kutokana na damu ya mtu mmoja, na maji ya lishe yakivizunguka. Zamani walitumia panya. Siku hizi kila aliyejitolea alikuwa na mwili wake wa kioo, na dawa ilipitishwa humo kwanza kuona ini litaivunja vipi na figo itaitoa kwa muda gani. Arobaini na Moja ilipita humo bila kuacha doa. Kioo huchakaa baada ya wiki chache na kutupwa, lakini wiki chache zilikuwa zimetosha siku zote.

*

Simu ya Perusi ilimkuta anamenya viazi.

"Shikamoo, dada."

"Marahaba. Hujambo?"

"Sijambo. Habari za huko?"

"Salama," Nyakwesi alisema, akaendelea kumenya.

Alisikia cherehani ya mdogo wake ikisimama upande wa pili. Perusi alishona sare za shule kwenye nyumba ya baba yao, mtaa wa Bweri, na cherehani ile haikusimama ovyo.

"Dada?"

"Nipo."

"Nasubiri."

"Unasubiri nini?"

"Useme kilichobaki." Sauti ya Perusi ilikuwa imeanza kulowa. "Baba hajamaliza mwezi kaburini. Nakuuliza habari, unaniambia salama, halafu unanyamaza kama umemaliza."

"Lakini ni salama kweli, Perusi. Hakuna tatizo."

"Pale msibani watu walikusifu. Walisema dada yako ana moyo mgumu, ndiye mwanamume wa nyumba hii. Mimi nilikuwa nakutazama. Wenzako wanaimba kaburini, wewe uko jikoni unapanga masufuria, kubwa chini, dogo juu."

Nyakwesi aliyakumbuka masufuria. Alikumbuka pia kwamba alipotupa udongo kaburini aliuona umelowa, akawaza kwamba kaburi litatitia wakati wa kiangazi na itabidi kuongeza kifusi. Hilo ndilo alilowaza. Baba yao alikuwa mtu aliyemvusha mto mabegani mpaka alipokuwa binti mkubwa wa kuonewa haya, kwa sababu tu yeye aliogopa ruba.

"Nilidhani ni uchovu," alisema.

"Na sasa unadhani ni nini?"

Aliweka kisu chini. Kitu ambacho zamani kingekuwa hofu kilipita mbali, akakiona kinapita, nacho hakikugeuka kumtazama.

*

Kesho yake alikwenda kwa Mama Masatu bila kumwambia mtu. Alimkuta uani anamenya muhogo. Mumewe, Mzee Kaitira, alikuwa ameipindua baiskeli na kuiziba pancha.

"Shikamooni."

"Marahaba, daktari. Karibu kigoda," Mama Masatu alisema.

"Habari za hapa, mama?"

"Salama."

Nyakwesi alikaa. Safari hii alifanya alichofanya mdogo wake kwenye simu: alisubiri. Mama Masatu alimenya muhogo mmoja, akaanza wa pili. Hakuwa anaficha kitu. Alikuwa amejibu swali, basi.

"Mwambie," Mzee Kaitira alisema bila kuinua kichwa.

"Nimwambie nini?"

"Kwamba umefiwa na kaka yako."

"Aa. Nimefiwa na kaka yangu," Mama Masatu alisema, kwa sauti ya mtu anayetaja siku ya gulio. "Tulimzika Jumapili."

"Pole sana, mama."

"Asante."

Mzee Kaitira aliweka chini kipande cha mpira. Mikono yake ilikuwa myeusi kwa gundi. "Daktari, mimi sina ugomvi na dawa yenu. Magoti yamepona, anapanda kilima na ndoo kichwani. Lakini mwanamke huyu nimeishi naye tangu ujana. Kuku mmoja akipotea, nyumba hii hailaliki. Sasa amefiwa na kaka yake, wa tumbo moja, wamebaki wawili tu duniani. Amepokea simu, amesema haya, amerudi kwenye muhogo. Nilimtazama nikadhani anajikaza. Hajikazi. Hakuna kitu cha kukazwa."

"Unanisema kama sipo," mkewe alisema, bila kukasirika.

"Nilikuwa nachoka na malalamiko yake, Mungu anisamehe. Nirudishieni yule mlalamishi."

Nyakwesi alimgeukia Mama Masatu. "Mama, nikikuambia uache dawa, utaacha?"

"Kwa nini niache? Siumwi."

Lilikuwa jibu la akili. Nyakwesi alilipima upande huu na upande ule, akaona kwamba hata yeye angejibu hivyo hivyo, neno kwa neno. Wakakaa wanatazamana, wanawake wawili watulivu, na mzee akawapa mgongo akajifanya anatafuta pampu.

*

"Kipande," Nyakwesi alimwambia Profesa Maregesi, na kuweka picha ya kipimo mezani.

Alikuwa amemwomba muuguzi amtoe maji ya uti wa mgongo, na ndani yake amekuta kitu ambacho hakikupaswa kuwepo. Arobaini na Moja yenyewe ilikuwa kubwa mno, haiwezi kupenya ule ukuta unaoulinda ubongo. Lakini ini lilipoivunja liliacha kipande kidogo. Kipande hicho kilipenda mafuta, kikajificha kwenye mafuta ya mwili, na siku baada ya siku kikawa kinavuja kidogo kidogo kuvuka ukuta. Miili ya kioo haikukionyesha kwa sababu haina mafuta, na kwa sababu hutupwa kabla ya siku kutimia.

"Na huko ubongoni kinafanya nini?"

"Kinafunga mlango ule ule. Inaelekea huzuni na maumivu vina mlango wa pamoja huko ndani. Karani ilikuwa inahesabu ila. Ila za magoti zilikwisha mwanzoni kabisa, na hiyo ni dawa. Zilizokwisha baadaye zilikuwa za misiba, za watoto wasiopiga simu, za kuku. Tumeziweka zote kwenye kapu moja tukapiga makofi."

Profesa alivua miwani. "Unajua nimezika watoto wangu wawili kwa selimundu."

"Najua."

"Unajua walivyolia kabla. Seli za damu zinajikunja, zinaziba vijishipa, mtoto anakuomba umkate mguu. Halafu wewe unaniambia nimnyime mtu kama huyo kidonge kwa sababu mama mmoja hakumlilia kaka yake?" Hakupandisha sauti, lakini macho yake yalikuwa mekundu. "Mimi ningewapa watoto wangu. Wasingenipenda tena, sawa, ningewapenda mimi. Wangeondoka bila kulia."

Nyakwesi alilifikiria hilo. Lilikuwa na uzito na hakuona kosa ndani yake.

"Kipande kinahitaji muda kujikusanya," alisema. "Kidonge kimoja, siku ya maumivu tu, pengine kingetoka kabla hakijafika popote. Dawa ya dharura, siyo ya kila siku. Tungejaribu hivyo."

"Kiapo ni Ijumaa. Baraza litauliza juu ya dawa kama ilivyojaribiwa, kila siku, asubuhi. Ukijibu ndiyo, inatoka hivyo. Ukijibu hapana, jalada linafungwa. Dawa iliyokataliwa na mwonjaji wake haifufuliwi, sheria haina labda. Na kidonge kikitoka nje ya majaribio kabla ya kiapo, hata kimoja, mwonjaji anavuliwa cheti maisha yake yote." Alivaa miwani tena. "Kwa hiyo niambie wewe. Ni ndiyo au hapana?"

"Unamuuliza mtu asiyesikia chumvi kama mboga imekolea," Nyakwesi alisema.

Profesa alitaka kucheka, akamtazama usoni, akaacha.

*

Jirani wa Perusi ndiye aliyempigia, siku moja kabla ya kiapo, jua likiwa bado juu. Nyakwesi alimkuta mdogo wake chini kwenye mkeka kando ya cherehani, magoti yamegusa kidevu, kitambaa cha sare amekiuma kwa meno.

"Mgeni amefika," Perusi alisema. Ndivyo walivyoiita selimundu yake nyumbani tangu akiwa mdogo, ili mama yao asisikie jina lake.

"Hospitali?"

"Nimetoka huko asubuhi. Daktari anasema mwili umeshaizoea sindano. Akiongeza, nitasahau kupumua."

Nyakwesi aliketi sakafuni. Huyu ndiye mtu aliyemfanya asome famakolojia. Akiwa msichana alimbeba mgongoni akizunguka naye uani, mdogo wake analia, na yeye akilia naye, akiapa kwamba atakapokuwa mkubwa atakitafuta kitu cha kuuzima ule moto. Amekitafuta, amekipata, na kilikuwa ndani ya mkoba wake, kwenye kopo la akiba la mwonjaji. Alikumbuka kila kitu. Kukumbuka hakukuwa kumeharibika hata kidogo.

Akamweleza yote: kipande, mafuta, ukuta, Mama Masatu na muhogo wake, cheti. Alieleza kwa mpangilio, kama darasani, na Perusi alisikiliza akiwa ameuma kitambaa.

"Kimoja tu?" Perusi aliuliza.

"Kimoja tu. Nadhani hakitafika huko. Sijui."

"Dada, unanihurumia?"

Nyakwesi alitafuta jibu la uongo, na hakuona faida yake. "Hapana. Nakumbuka kwamba nilikuwa nakuhurumia."

Perusi alifumba macho. Maumivu yakampandia, akanyooka, akajikunja tena, na aliporudi alikuwa amelowa jasho. "Basi wewe usiamue. Naamua mimi. Nipe."

Nyakwesi alifungua kopo.

"Subiri," Perusi alisema. "Wewe hujui, unasema mwenyewe hujui. Kama kitafika huko, sitaweza tena. Subiri kwanza nimlilie baba."

Akamlilia. Aliulilia unyayo wake mpana, na kikohozi chake cha kubisha hodi, na kofia yake ambayo bado ilikuwa kwenye msumari. Alilia kwa sauti, maumivu ya mwili na ya msiba yamechanganyika, na hapakuwa na namna ya kuyatenganisha. Jirani alichungulia mlangoni, akarudi. Kisha Perusi alivuta pumzi, akaanza tena upya.

"Hii ni zamu yako," alisema kati ya kwikwi. "Namlilia na kwa niaba yako. Asije akafikiri ni mimi peke yangu niliyebaki."

Nyakwesi alikaa na kopo mkononi mpaka zamu yake ikaisha. Alimtazama mdogo wake akimaliza kazi iliyokuwa yake. Hakuona aibu. Aliona tu kwamba hapa ndipo aibu ingekaa.

Halafu kwa mazoea akatoa vidonge viwili, kimoja cha kuonja mbele yake, na Perusi akamshika kiganja.

"Wewe usionje," alisema. "Umeonja vya kutosha."

Akameza peke yake. Maumivu yaliondoka kabla chai haijapoa. Kwanza vidole vyake vya miguu vilikunjuka, halafu magoti, halafu uso, na Nyakwesi akatazama dawa yake ikifanya kile alichoitengeneza ifanye. Perusi alilala palepale kwenye mkeka. Nyakwesi alimfunika kitambaa cha sare, akakirudisha kidonge kile kingine kwenye kopo, na hakuimeza tena dawa hiyo, jioni ile wala baadaye.

Asubuhi alimkuta anakunja mkeka.

"Umeamkaje?"

"Salama," Perusi alisema.

Nyakwesi alisubiri. Perusi aliusimamisha mkeka pembeni ya ukuta, akaokota pini zilizoanguka, moja baada ya nyingine, akazichomeka kwenye kifuko chake. Nyakwesi aliendelea kusubiri. Kama lingekuwa jambo la kuombwa, angeliomba.

"Ila umekonda, dada," Perusi alisema, akageuka, macho yamevimba. "Umekonda, na baba hayupo wa kukugombeza."

Nyakwesi akatoa bomba la sindano, akamtoa damu. Alipoipima, kabla hajavaa nguo za kiapo, kipande hakikuonekana.

*

Mwenyekiti wa Baraza la Kiapo alikuwa mama mmoja aliyepoteza figo mwaka wa vidonge vyeupe, na kila alipouliza alikuwa anashika ubavu bila kujua. Ukumbi ulijaa. Mama Masatu alikaa mstari wa mbele, mtulivu, na mumewe pembeni yake akiwa amevaa koti la misiba.

"Dokta Nyakwesi Mafuru, umeonja?"

"Nimeonja."

"Umetapika, umevimba, umeona giza?"

"Hapana."

"Ungempa wako?"

Kwa dawa zote zilizopita swali hili lilimkausha mate. Mara mbili lilimfanya ajibu hapana, na mara moja alijibu ndiyo kisha akakesha. Leo mdomo wake ulikuwa na mate ya kutosha. Profesa Maregesi alikuwa amemkazia macho kutoka kando ya ukuta, vidole vimetulia.

"Nimeshampa," alisema.

Mwenyekiti alishika ubavu. "Sema tena."

"Jana nimempa mdogo wangu kidonge kimoja, kutoka kwenye akiba yangu, kabla ya kiapo. Najua adhabu yake. Amepata nafuu na leo asubuhi amenisikitikia. Damu yake ninayo hapa, pimeni wenyewe. Mimi nimemeza kila siku kwa miezi, na nilipomzika baba yangu nilipanga masufuria. Dawa ni moja. Anayemeza siku ya maumivu tu anabaki na watu wake. Anayemeza kila siku anapoteza kitu ambacho hatajua kukililia. Sheria inataka ndiyo au hapana. Ndiyo yangu haina maana, kwa sababu ningeitoa bila kutetemeka. Kwa hiyo nimewaletea alichoamua mtu anayeweza kutetemeka."

Alisema yote hayo kwa sauti ya kusoma kipimo. Mwanamke mmoja nyuma alianza kulia, bila kelele, na Mzee Kaitira akaweka mkono wake juu ya mkono wa mkewe. Mkewe akauacha ukae.

Baraza lilibishana mpaka mchana. Sheria haikuwa na labda, lakini ilisema pia kwamba mgonjwa akishatumia dawa nje ya majaribio, hata kwa makosa, jalada halifungwi mpaka yeye na wengine kama yeye wachunguzwe. Aliyeitunga sehemu hiyo alikuwa anawafikiria wale wa vidonge vyeupe. Kidonge cha kila siku kikasimamishwa siku ileile. Kidonge cha dharura kikakabidhiwa kwa Profesa Maregesi ili akijaribu upya, na ikaamriwa Karani ifundishwe kuuliza ila ni ya nini. Cheti cha Nyakwesi kilichukuliwa mezani mbele ya watu. Hakutakiwa tena kutengeneza dawa, wala kuonja.

Mlangoni Profesa alimsimamisha. "Miaka yako yote," alisema, akamkumbatia. Nyakwesi alimpigapiga mgongoni, kwa kuwa ndivyo inavyofanywa.

Perusi alikuwa anamsubiri nje chini ya ukuta, amevaa gauni alilolishona mwenyewe.

"Pole kwa shughuli, dada. Habari za huko ndani?"

"Salama."

Perusi alisimama akasubiri, mkoba kifuani, kwa subira ya mtu aliyezoea foleni za hospitali.

Nyakwesi alitafuta ndani. Hapakuwa na kitu. Huenda mafuta ya mwili yangekiachia kile kipande kidogo kidogo, kwa mwaka mmoja au zaidi, kikaisha, na huenda mlango ukafunguka tena. Huenda usifunguke. Hakuna kioo kilichowahi kuishi muda huo ili kiseme. Lakini alijua neno lile hukaa wapi kwenye sentensi na kwamba mtu mmoja alikuwa amesimama juani akilingoja, akaliweka mahali pake.

"Ila baba amefariki," alisema, kwa sauti ileile.

"Ndiyo, dada." Perusi alimshika mkono. "Amefariki. Pole."

"Asante," Nyakwesi alijibu, nao wakaanza kuteremka kwenda Bweri.